Tano Hamwamkii Mbili

Wewe uliyepata barua ya kupangiwa shule juzi na mpaka sasa unashangaa ofisi ya walimu ina viti pungufu, kaa kidogo na wenzako niwaeleze. Mimi ni Shomari, mzee wa Dunda. Nimefundisha hisabati shule za msingi za hapa Bagamoyo mpaka serikali ikasema basi, mzee, kapumzike. Kupumzika kwenyewe sikuwezi. Mke wangu ananicheka, anasema nikikaa kibarazani kidole gumba changu kinasugua vidole vingine, kinafuta vumbi la chaki ambalo halipo.

Hamu niliyonayo ni ya mambo madogo madogo. Ile rimu ya gari tuliyoitundika tukaifanya kengele. Harufu ya ubao tulioupaka weusi wa betri kuukuu uliochanganywa na maji ya majani ya mhogo, maana rangi ya dukani ilikuwa haifiki. Watoto wa darasa la sita wakipiga kelele kwa pamoja, "Zidisha, mwalimu." Usiku ukiniuliza ningependa kurudishiwa nini, nitakujibu hilo la mwisho.

Lakini zaidi ya hayo yote nina hamu ya mtu. Anaitwa Mwalimu Kondo, na alikuwa akifundisha chumba kilichopakana na changu. Kuna maneno nilitakiwa kumwambia tukiwa bado vijana, nikashindwa kwa kiburi, na mwaka huu nilikwenda kuyasema. Nitafika huko. Ila itabidi kwanza mpite nami kwenye mabano, kwa sababu ugomvi wetu ulizaliwa humo.

Mimi sikusomea hisabati. Nilikuja na Kiswahili changu na historia kidogo, mwalimu mkuu akanitazama, akasema, "Mwalimu wa hesabu kahamishwa, shika darasa la sita." Nilishika. Wiki ya tatu nikafika kwenye aljebra, kurahisisha, na mimi mwenyewe nilikuwa naiogopa aljebra tangu utoto. Bahati yangu, kuta za vyumba vyetu zilikuwa hazifiki juu. Ziliishia usawa wa madirisha, juu yake hewa tupu mpaka kwenye mabati. Kondo, aliyenizidi miaka kama saba hivi, alikuwa akifundisha mkondo wa pili, somo lile lile, saa ile ile. Basi mimi nikiandika swali ubaoni, nilikuwa natega sikio. Akisema upande wa pili, nami nasema upande huu. Kuna siku aliuliza, "Saba mara sita?" darasa langu likajibu lote, "Arobaini na mbili," na nikamsikia anacheka kule. Mapumziko alinijia na karanga mkononi, akasema, "Bwana mdogo, ukitaka kunisikiliza njoo ukae dawatini. Shingo itakuuma." Kuanzia siku hiyo tukawa tunakaa pamoja baada ya masomo, ananifundisha leo nitakachofundisha kesho.

Cha kwanza alichonipa ni hiki, nanyi kichukueni. Watoto wetu wamelelewa na MAGAZIJUTO: mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa. Wanaimba mpaka usingizini. Sasa ukiwawekea 5(x + 2), wanakumbuka kwamba mabano ndiyo ya kwanza, wanaingia ndani, wanakuta x na 2, hawajui la kuwafanya, basi wanawasukumiza pamoja na kuandika 2x. Kondo alikuwa anawaambia, "Hao wawili hawaunganiki. Mkishindwa kuwaunganisha, waacheni wakae kila mmoja mahali pake, ila huyo wa nje apite kwa wote." Tano mara x, tano mara mbili. 5x + 10. Basi.

Alikuwa na lingine la alama ya kutoa. Mtoto anaandika 7 − 2(x − 3) na jibu lake linatoka 7 − 2x − 6. Kwa nini? Kwa sababu hajajua kwamba kutoa kunageuza kila kitu. Kondo aliwapeleka watoto mlango wa madrasa, kandambili zimetapakaa, nyingine zimepinduka tumbo juu. Akamwambia mtoto mmoja pita, kila utakayoikuta imekaa sawa ipindue, na kila iliyopinduka iweke sawa, usibakishe hata moja. "Huyo ndiye toa," akasema. Chanya inakuwa hasi, hasi inakuwa chanya. Walirudi darasani wakaandika 7 − 2x + 6, wakakusanya namba na namba, wakapata 13 − 2x. Hiyo ya kandambili ni ya Kondo, na nataka mjue kuwa ni yake.

Ya kwangu ilikuwa ya salamu. Nilikuwa naona fahari nayo kweli kweli. Niliwaambia watoto: mabano ni nyumba. Namba iliyo nje ni mtu anayebisha hodi. Akiingia, mtoto mwenye adabu anamwamkia mmoja tu na kuwaacha wengine? Wakajibu, "Hapana, mwalimu." Anafanyaje? "Anawaamkia wote." Basi na namba ya nje iwape shikamoo wote walio ndani, mmoja mmoja. Nikachora na vishale kwa chaki nyekundu, kutoka kwa tano kwenda kwa x, kutoka kwa tano kwenda kwa mbili. Darasa zima lilielewa siku moja. Nilikwenda nyumbani natembea kwa mikogo.

Nilikuwa na mwanafunzi anaitwa Mwanahawa, anatoka familia ya wakulima wa Zinga, amekuja kukaa kwa shangazi yake mjini apate kusoma. Mtoto mtulivu, akipita mbele ya mkubwa anainama. Nikatoa jaribio la maswali kumi ya kufungua mabano. Mwanahawa akapata manne, akakosa sita. Sasa angalia nilivyokuwa mjinga. 3(x + 8) kaandika 3x + 24, sawasawa. 5(x + 2) kaandika 5x + 2. 2(x + 9) kapata. 6(x + 4) kakosa. Nikajiambia, mtoto anayejua swali hili atakosaje lile, nalo ni hilo hilo? Nikamtazama jirani yake, kapata yote kumi. Nikafunga hesabu yangu kichwani: yale manne kaibia.

Nilimsimamisha mbele ya wenzake. Nilisema, "Ulichokipata si chako." Nikamhamishia dawati la peke yake, karibu na ukuta. Hakujibu kitu. Mtoto wa kwao hamjibu mwalimu, na mimi nikauchukulia ukimya ule kuwa ni kukiri.

Kondo alimwona mapumziko kakaa peke yake, wenzake wanaruka kamba. Alikuwa na neno moja la kumuuliza mtoto aliyekosa, na hilo neno ningewachongea nyote mikononi kama ningeweza. Hakuuliza "kwa nini umekosa". Aliuliza, "Hapa umepitaje?" Kisha alinyamaza na kungoja, hata kengele ikigongwa.

Akaingia ofisini na daftari la Mwanahawa, sisi walimu watano sita tunakunywa chai. Alikuwa anacheka mpaka machozi yanamtoka.

"Shomari, njoo umsikie mwanao. Nimemuuliza amepitaje. Kaniambia, mwalimu wetu amesema namba ya nje inaingia kuwaamkia walio ndani. Lakini tano ni mkubwa na mbili ni mdogo. Tano hamwamkii mbili. Mbili ndiye amwamkie tano."

Walimu wakaangua kicheko. Mmoja akauliza, "Na nane?"

"Tatu akimkuta nane anamwamkia, maana nane ni mkubwa wake. Ndiyo maana hapo kapata."

"Na eksi je?"

"Eksi hajulikani umri. Mtu usiyemjua umri unampa shikamoo tu, usije ukamvunjia heshima." Kondo akanipiga bega. "Bwana mdogo, umemfundisha mtoto wa pwani kwa adabu za pwani, naye kazifuata barabara. Ungewaambia kupeana mkono baada ya swala. Pale hakuna mkubwa wala mdogo, kila aliye karibu nawe unampa mkono."

Alikuwa ananisaidia. Leo naona wazi kabisa kwamba alikuwa ananisaidia. Siku ile nilisikia vicheko tu, na nyuma ya vicheko nikamwona mtoto niliyemwita mwizi kumbe alikuwa na adabu kuliko mimi. Aibu ikanipanda, nikaitupia kwa aliyenionyesha. Nikasema, mbele ya wote, "Kaka Kondo, kila mwalimu na darasa lake. Mimi sijaingia lako." Kicheko kikafa. Akaliweka daftari mezani taratibu, akatoka.

Kesho yake nilimsimamisha Mwanahawa mbele ya wenzake, mahali pale pale nilipomdhalilisha, nikamwomba radhi. Hili nalo lishikeni: ukimkosea mtoto mbele ya watu, usiende kumwomba radhi kichochoroni. Nikamrudisha dawatini kwake. Nikawafutia ile ya shikamoo na kuwafundisha ya kupeana mkono, na nikawapa na njia ya kujipima wenyewe: ukimaliza, weka namba yoyote mahali pa x. Weka 1. Kwenye 5(x + 2), ndani ya mabano moja na mbili ni tatu, tano mara tatu ni kumi na tano. 5x + 2 inakupa saba, kwa hiyo huyo si yeye. 5x + 10 inakupa kumi na tano, ndiye. Mwanahawa alijipima, akanitazama, akatabasamu kidogo. Hakukosa tena mabano, na mwaka uliofuata alifaulu kwenda sekondari.

Kwa mtoto niliweza. Kwa mkubwa wangu nilishindwa. Na hapa ndipo ninapowaomba msinicheke, maana bado pananiuma.

Niliacha kumwamkia Kondo. Ninyi wa mjini mnaosalimiana kwa "mambo" huenda mkaona si kitu. Huku kwetu mtu aliyekuzidi umri, aliyekufundisha kazi, ukapita mlangoni kwake asubuhi bila kumpa shikamoo, ni kama umemtoa kwenye hesabu ya watu. Nilipita hivyo muhula mzima. Nilikuwa naangalia mbele, najifanya nina haraka. Na ukuta ule usiofika juu ukawa adhabu. Nilimsikia anafundisha kila siku, na nilikuwa nasubiri atanie kama zamani, aseme neno la kurushwa huku upande wangu. Hakusema. Alikuwa anafundisha tu.

Kisha akaja mkaguzi. Akakaa nyuma ya darasa langu, akaona watoto wanafungua mabano kwa ile ya kupeana mkono, akapenda sana. Ofisini akauliza, "Hii mbinu nzuri, ni ya nani?" Kondo alikuwa mezani kwake anasahihisha. Nilitakiwa kusema maneno mawili tu, "Ya Kondo." Nikasema, "Ni yangu." Kalamu ya Kondo haikusimama, iliendelea kutia vema na kosa.

Mwisho wa mwaka alipata uhamisho kwenda Vigwaza, kwao. Walimu wakamfanyia chai na maandazi ya kumuaga. Mimi nikajifanya nina kipindi. Watoto walikuwa wameshatoka, nimebaki naandika ubaoni maswali ambayo hakuna wa kuyasoma. Nikasikia nyayo zake zinakuja, zikasimama mlangoni. Sikugeuka. Nilizidisha, nikajumlisha, nikafungua bano jingine. Baadaye nyayo zikaondoka, na nilipogeuka mlango ulikuwa mtupu.

Vyumba vile vilikuja kujengwa upya, kuta zikafika kwenye dari. Watoto wa siku hizi wanapiga picha swali kwa simu na jibu linatoka na hatua zake, vizuri tu, mimi sina ugomvi na simu. Mjukuu wangu alinionyesha nikamwambia, iulize basi imepitaje. Akanitazama kama nimechanganyikiwa. Kila mwalimu mpya aliyeletwa chumba cha pili nilikuwa natega sikio, najua siwezi kusikia kitu, lakini natega. Walikuwa walimu wazuri. Hawakuwa yeye.

Na kila mwezi wa Shaabani, watu wanapotafutana kuombana radhi kabla ya kuingia mfungo, nilizunguka kwa majirani wote, kwa shemeji, kwa niliyewahi kugombana naye juu ya mpaka wa shamba. Vigwaza nikasema mwakani. Vigwaza si mbali. Nilisema mwakani mpaka nikastaafu.

Mwaka huu mtu wa huko alipita sokoni, katika mazungumzo akataja kwamba Mwalimu Kondo hatoki tena, macho yameisha. Sikungoja. Siku ya pili yake nilivaa kanzu, nikapitia Mlandizi, nikashuka Vigwaza nauliza nyumba hadi nikafika. Binti yake mkubwa, Zuhura, alinipokea. Akaniambia baba yuko ndani, karibu, ila mzee wa watu siku hizi anamjua mtu kwa sauti tu.

Alikuwa amekaa kwenye mkeka, ameegemea ukuta, amekonda. Uso wake ulielekea mlangoni lakini haukunifikia.

"Shikamoo, kaka Kondo," nikasema.

Zuhura akataka kumwelezea baba yake mimi ni nani, mzee akamzuia kwa mkono.

"Marahaba, Shomari," akasema. "Kaa."

Nilikaa. Nilikuwa nimeyapanga maneno njiani, yakanipotea yote. Nikamwambia kwa kifupi: ile ya kupeana mkono ilikuwa yako, mkaguzi nilimwambia uongo, na nimekuja kuomba radhi.

Akacheka kidogo, kile kicheko cha zamani lakini chembamba. "Mkaguzi? Huyo nilimsahau siku ile ile. Njia ya kufundishia haina mwenyewe, Shomari, hata mimi za kwangu nyingine nilizichukua kwa watu." Kisha akaacha kucheka. "Lakini ulikuwa unapita mlangoni kwangu kila asubuhi. Nami kila asubuhi nainua kichwa."

Nilimwambia, "Nisamehe, kaka."

"Nilikusamehe hata kabla sijahama. Nilikuja mlangoni kwako kukuambia, ukawa unaandika." Akapapasa mkeka mpaka akaukuta mkono wangu, akaushika. "Nilipofika huku nilikusubiri. Kila likizo nilimwambia mama Zuhura aongeze mchele, Shomari huenda akaja. Kama miaka mitatu hivi. Baada ya hapo nikaacha kukusubiri, nikawa nakukumbuka tu."

Nililia, mzee mzima, mbele ya binti yake. Naye hakuniambia ninyamaze. Tulikula pamoja mchana ule, tukaswali, akaniuliza habari za watu wa Bagamoyo mmoja mmoja, na wengi nilikuwa namjibu kwamba wamefariki. Nikaondoka jua limeelekea kuchwa.

Nimesamehewa, na nashukuru. Lakini kuna miaka ambayo mchele ulipikwa mimi sikuwepo, na hiyo hakuna wa kunirudishia. Basi wewe unayefundisha leo chumba kilichopakana na cha mwenzio, na kuna neno mlilorushiana ofisini likabaki pale, toka sasa hivi uende mlangoni kwake ukamwamkie. Nenda akiwa bado anakusubiri.